Siku Mama Alipowaita Polisi kwa Panga

Kwetu Nzuguni, ugomvi wa shamba hauamuliwi watu wakiwa wamekaa. Wazee hukusanyika asubuhi, hushika fimbo zao na kutembea mpakani pole pole. Kila anayedai husimama pale anaposema mpaka wake upo, akaeleza nani alifyeka kwanza, mwaka gani wa njaa au wa mvua nyingi. Tuliamini kwamba asiye na haki hushikwa na kigugumizi akikanyaga udongo wa mwenzake. Kwa hiyo mama yangu, kila alipowafikiria polisi, aliwafikiria kama wazee waliovaa sare. Watu wa serikali, wenye nguvu kuliko wazee wetu, lakini kazi yao ni ileile: kuja, kutazama, kusema.

Nayaeleza haya mwanzoni kwa sababu bila kuyajua utamwona mama kuwa mkorofi, au mjinga. Hakuwa mkorofi wala mjinga. Alikuwa mjane mwenye shamba moja, na shamba lenyewe lilikuwa na sehemu mbili. Ya juu ilikuwa na udongo mwekundu wa kichanga, ambao mvua ikikatika katikati ya msimu hunyausha uwele kabla haujatoa suke. Ya chini, karibu na korongo, ilikuwa na udongo mweusi unaoshika maji. Ile ya juu tuliilima kwa matumaini. Ile ya chini ndiyo iliyotulisha.

Baba alipofariki, mama aliumwa mgongo, akashindwa kulima pande zote. Akamwazima ile ya chini bwana mmoja ambaye sote tulimwita Karani. Karani alikuwa mtumishi wa ofisi moja ya serikali mjini, mtu wa kuja kutoka mkoa mwingine, mpole, anayesalimia hata watoto. Ilikuwa ile miaka ya ruksa, serikali ilipolegeza masharti ya biashara, ambapo mshahara haukufika katikati ya mwezi na kila mtumishi alikuwa na mradi wake: huyu kuku, yule ng'ombe wa maziwa, mwingine kibanda cha mitumba. Karani alitaka kulima.

Kuazimana shamba kwetu kuna sheria yake, ingawa hakuna aliyeiandika. Aliyeazima hupanda kitu kinachokwisha na msimu: karanga, kunde, uwele, mtama. Hapandi kitu kinacholala ardhini kusubiri mwaka mwingine. Hapandi mti. Mti ni mguu, wazee husema, na mwenye kupanda mti ameshaweka mguu wake ndani. Karani aliijua sheria hiyo, maana aliambiwa mbele ya watu. Msimu wa kwanza alilima karanga. Msimu wa pili alikuja nyumbani na sukari, akakaa kwenye kigoda, akasema, "Mama, nina vipando vya mizabibu. Naomba nivioteshe hapo chini, kitalu tu. Vikishika mizizi nitavihamishia shamba langu la upande wa pili."

"Kitalu hakikai," mama alisema.

"Hakikai, mama. Ni cha kupita."

Kitalu kilikaa. Vipando vikawa mashina, mashina yakasimamishiwa miti na waya, na pembeni ikapandwa minyaa. Minyaa haihitaji kubembelezwa. Kijiti ukikichomeka leo, baada ya misimu michache una ukuta. Mama alipokwenda kumuuliza, Karani alijibu kwa upole uleule kwamba alidhani walishaelewana, kwamba sehemu ile alipewa moja kwa moja, na kwamba mtu hawezi kupanda mizabibu mahali pa kupita, hata mtoto analijua hilo.

Mwaka huo uwele wa juu ulikauka. Tulivuna uwele ambao ungeweza kubebwa kwa ungo. Mimi nilikuwa nimemaliza kidato cha nne, nipo nyumbani nasubiri majibu, na wadogo zangu walikuwa shule ya msingi. Ndipo mama alipojifunga kanga vizuri, akaniambia twende kituoni.

Askari wa zamu alikuwa mtu mzima, lafudhi yake ya kusini. Nyuma yake mwenzake alikuwa akinywa chai.

"Mbukwenyi, wanangu," mama alisema, maana salamu ya kwetu aliona haina aibu popote.

"Mbukwenyi, mama. Shikamoo. Tukusaidie nini?"

"Marahaba. Nimeibiwa."

"Umeibiwa nini?"

"Shamba."

Yule wa chai akacheka. "Limebebwa na gari gani, mama?"

"Limebebwa na minyaa," mama akamjibu.

Askari wa zamu hakucheka. Alivuta benchi, akamkalisha mama, akaanza kumuuliza kimoja kimoja. Amekupiga? Hapana. Amekutishia kwa silaha? Hapana, anasalimia vizuri sana. Amevunja nyumba yako? Hapana. Amevuna mazao uliyopanda wewe? Hapana, nilipanda nini na minyaa ipo? Kila "hapana" ya mama ilikuwa kama anafunga mlango mwenyewe, na mimi niliyekuwa nimesimama pembeni niliona hivyo, ila sikujua mlango wenyewe ni upi.

"Sasa nisikilize, mama," askari alisema. "Mimi kazi yangu ni jinai. Mtu akiiba, akipiga, akiharibu, nakwenda kumkamata. Lakini wewe na yeye mnabishana ardhi ni ya nani. Hiyo tunaita madai. Wewe utasema yako, yeye atasema yake, na mimi sikupewa mamlaka ya kuamua. Nikimtoa leo kwa neno lako, kesho akija na hukumu ya mahakama nitamrudisha kwa uso gani? Nenda baraza la kata. Wasipokuridhisha, nenda mahakama ya mwanzo. Ukija hapa na amri ya mahakama, nitakuja mwenyewe kuisimamia."

Nimeyafundisha maneno hayo darasani mara nyingi tangu wakati huo, maana baadaye nilikuwa mwalimu, na kila mara naona macho ya wanafunzi yakijaa swali lile lile ambalo mama aliniuliza tukitoka kituoni: serikali si moja? Moja, ndiyo, lakini ina mikono mingi, na mkono ulioshika pingu haukupewa kugawa mashamba. Kama nawe umewahi kurudishwa kutoka kituoni namna hiyo, usidhani umedharauliwa. Umeelekezwa kwingine tu. Tatizo ni kwamba kuelekezwa hakujazi chungu.

Tulikwenda baraza la kata. Safari ya kwanza mwenyekiti alikuwa msibani. Safari ya pili wajumbe hawakutimia. Safari ya tatu Karani hakufika, akaleta udhuru wa kazi, na udhuru wa mtu wa ofisi hupokelewa kwa heshima. "Rudini baada ya mvua," tukaambiwa.

"Baada ya mvua nitakula nini?" mama aliuliza.

Nani asiyeijua Dodoma mwishoni mwa kiangazi? Upepo hugeuka, vumbi husimama wima kama mtu na kutembea mashambani. Watu huanza kuberega, yaani kufyeka na kuchoma mabua ya mwaka jana ili wasie mbegu juu ya ardhi ngumu kabla ya mvua ya kwanza. Moshi ulipanda kila upande, Nzuguni yote ilinuka majivu. Mvua yetu ni chache na haimsubiri mtu. Atakayechelewa kusia amekwisha. Mama aliberega sehemu ya juu kwa siku moja, akasimama mpakani akiitazama ile ya chini, mizabibu ya Karani imesinzia bila majani, udongo mweusi umepasuka chini yake. Halafu akaniita tena twende kituoni.

Askari alikuwa yuleyule. Safari hii alituona tukiwa mbali akavuta benchi kabla hatujafika.

"Mwanangu, mvua inakuja," mama alisema. "Njoo tu uone. Usimkamate. Njoo usimame uone mpaka, basi."

"Mama, hata nikija nitasimama kama mti. Sisi hatuendi kutazama mipaka. Tunakwenda pakitokea jambo."

"Jambo gani?"

"Pakitokea vurugu. Uharibifu. Watu kuumizana. Mungu apishe mbali."

Mama alishukuru, akainuka. Tulipokaribia nyumbani akasema kwa sauti ya mtu anayepiga hesabu, "Kumbe wanakuja pakitokea jambo." Nilidhani analalamika.

Kesho yake asubuhi nilikuwa nimekwenda kuchota maji. Niliporudi, mdogo wangu akaniambia mama yuko shambani chini, na kwamba amevaa kitenge cha kanisani. Niliweka ndoo chini bila kuitua vizuri, nikakimbia.

Alikuwa amepita kwenye pengo la minyaa na panga lile alilofyekea mabua. Mizabibu ilikuwa imelala mstari baada ya mstari, imekatwa juu kidogo ya ardhi, waya zimelegea. Yeye alikaa juu ya rundo la matawi, panga limewekwa mbali naye, makali yametazama chini, mikono mapajani. Kitenge chake cha kanisani kilikuwa safi kabisa. Kibarua wa Karani alikuwa amesimama ng'ambo ya minyaa, anaogopa kuingia.

"Mama! Umefanya nini?"

"Nimewaita."

"Umemwita nani?"

"Polisi. Si walisema wanakuja pakitokea jambo?" Akamgeukia kibarua. "Wewe, bado umesimama? Nenda kamwite bosi wako. Mwambie asije peke yake, aje nao."

Hapo ndipo nilipoelewa kitenge. Alijiandaa kupokea wageni. Wazee wakija kutazama mpaka, mwenye shamba havai matambara. Katika akili yake kila kitu kilikuwa sawa: polisi hawaji bila jambo, basi jambo hili hapa, wakija wataona mpaka, wakiuona mpaka, watasema. Nilimsihi tuondoke, akaniambia nitulie, niwakaribishe wageni kwa adabu. Nilikaa karibu naye. Sikuwa na la kufanya, na wingu la kwanza la msimu lilikuwa limesimama upande wa mashariki.

Walikuja kwa gari, Karani na askari wawili, mmoja wao yule wa kusini. Alipomwona mama alisimama kidogo, akavua kofia, akaivaa tena.

Mama aliinuka kwa furaha ambayo hadi leo ikinijia inaniuma. "Karibuni, wanangu. Njooni huku. Baba yao alianza kufyeka kwenye kisiki hiki, akashuka na korongo mpaka pale kwenye jiwe..." Alitangulia kutembea mpakani, akinyoosha mkono. Hatua kadhaa mbele aligeuka, akaona hakuna anayemfuata.

"Mama," askari alisema pole pole. "Nani amekata hii mizabibu?"

"Mimi."

"Kwa nini?"

"Ili mje."

"Na nani aliipanda?"

"Huyu hapa." Mama alimwonyesha Karani kwa kidevu. "Aliipanda kwangu."

"Mmesikia wenyewe," Karani akasema.

Ilikwisha. Hakuna swali la ardhi lililoulizwa, wala halikuhitajika. Ninajua mtu anaweza kuona hapa kuna dhuluma ya wazi, basi nieleze kama ninavyoielewa. Ubishi wa ardhi ulikuwa bado haujaamuliwa, lakini la nani alipanda mizabibu halikuwa na ubishi, mama mwenyewe alilisema. Kukata kitu cha mwenzako ukijua ni chake, hata kama kimesimama mahali unapodai ni pako, ni kuharibu mali. Jambo ambalo polisi hawakuweza kumsaidia nalo lilikuwa kubwa kama shamba. Jambo ambalo waliweza kumkamatia lilikuwa dogo kama panga. Na aliwafungulia mlango yeye mwenyewe.

Majirani walikuwa wamejaa njiani. Mama mmoja aliyekuwa na ugomvi wa zamani na sisi akapaza sauti, "Haya, wengine wanapanda gari la serikali bure, na kitenge cha Krismasi!" Mwingine akamwambia, "Funga kinywa chako, kwako minyaa haijafika." Mama alipanda garini bila kusaidiwa. Alinitazama kama mtu aliyeuliza njia, akaelekezwa vizuri, akafika mahali pengine.

Mvua ya kwanza ilinyesha kesho yake, mimi na balozi wetu wa nyumba kumi tukiwa njiani kwenda kumdhamini. Tulifika tumelowa. Kaunta ilikuwa na watu wawili mbele yetu: Karani, amesimama na karatasi, na mama kwenye benchi, ametolewa mahabusu, miguu mitupu. Mvua ilipiga bati kwa kishindo hata ikabidi watu waongee kwa nguvu.

"Nimemwonea huruma, mama yetu huyu," Karani alikuwa akisema. "Nafuta malalamiko. Aweke dole gumba hapa tu, kwamba mpaka ni minyaa ilipo, tusisumbuane tena. Aende akasie, mvua hiyo."

Mama hakuwa akimtazama. Alikuwa anasikiliza bati. Ninaamini alikuwa anaona matone yakiingia kwenye udongo uliosubiri, na mbegu bado imo kwenye kibuyu nyumbani. "Leteni wino," alisema.

"Mama, usiweke!" nikapiga kelele.

"Nikae hapa mvua ipite? Wadogo zako watakula dole gumba? Leteni wino."

Karani alinyoosha mkono kuchukua kidau cha wino kilichokuwa kaunta. Yule askari wa kusini akakisogeza upande wake.

"Hapa hapana," alisema.

"Afande, sisi tumeelewana."

"Mmeelewana mmoja akiwa hana viatu?"

Karani akacheka kidogo, kama watu wazima wanavyocheka kwa mtoto. "Afande, si ninyi mliosema ardhi haiwahusu?"

"Ndiyo, haituhusu. Ndiyo maana hapa hapana. Ukitaka kufuta malalamiko, sema umefuta. Kama hutaki, yanakwenda mahakamani. Shamba mtaongea kwenye baraza, mama akiwa amekula na amevaa viatu vyake. Kituoni hatuandikishi mashamba."

Mama aliinua uso. "Mwanangu, ulisema huwezi kunirudishia."

"Siwezi kukurudishia, mama. Na siwezi kukunyang'anya."

Karani hakufuta malalamiko. Alikunja karatasi, akatoka kwenye mvua. Balozi akasaini dhamana, mama akarudishiwa viatu, tukaenda moja kwa moja shambani juu. Tulisia tukiwa na nguo za njiani, mama mbele na kijembe, mimi nyuma na mbegu, wadogo zangu wakifukia kwa nyayo. Hatukupumzika mpaka kibuyu kikaisha.

Kesi ya jinai haikufika mbali, kwa sababu ambayo hakuna kati yetu aliyeitegemea. Mzabibu uliolala kiangazi ukikatwa hauharibiki. Unapogolewa. Mvua zilipokolea, mashina yote yalichipua kwa hasira, na kesi ilipotajwa mahakamani Karani alikuwa na shamba la kijani kuliko alivyowahi kuwa nalo. Jirani mmoja mlima zabibu alikuja kumpa mama pole akashindwa kuzuia kicheko. "Dada, umempogolea mwenzio bila ujira, na umepogoa vizuri." Mama naye alicheka, halafu akalia. Karani aliacha kuhudhuria, hakimu akaifuta kesi.

Baraza la kata lilikaa hatimaye. Wazee walikuja na fimbo zao, wakatembea mpakani, mama akawatangulia, na safari hii watu walimfuata. Walisikiliza mashahidi siku mbili. Uamuzi wao ulikuwa wa haki kwa namna ya kwetu, ambayo hutenganisha ardhi na kilichooteshwa juu yake: shamba ni la mama, mizabibu ni ya Karani, na kwa kuwa mama aliridhia kitalu, Karani asing'olewe, aitunze mizabibu yake mpaka itakapozeeka, kisha aondoke.

"Mzabibu unaishi miaka mingapi?" mama aliuliza.

Wazee walitazamana. Mmoja akasema, "Inategemea matunzo." Watu wakaguna, maana Karani alikuwa mtunzaji.

Tulikuwa na haki ya kwenda mahakama ya mwanzo kupinga. Nilimwambia. Leo kama ungekuja kwangu na jambo kama hilo ningekuambia nenda, usichoke, uamuzi wa kwanza si wa mwisho, na mimi nitakusindikiza. Mama alinisikiliza mpaka mwisho, akaniuliza mahakama inakaa mwezi gani. Nikasema sijui, pengine wakati wa mvua. Akasema, basi.

Uwele wa juu ulitoa robo ya chakula chetu mwaka ule. Msimu uliofuata, moshi wa kuberega ulipoanza kupanda, mama alimtumia dada yake salamu kule Zuzu, na dada yake akamjibu aje, kuna kipande cha kuazima. Akafunga mbegu kwenye kanga, akachukua jembe. Nilimsindikiza hadi barabarani kusubiri usafiri wa mjini. Mzee mmoja aliyekuwa akipita na mbuzi wake akasimama.

"Mbukwenyi. Unakwenda wapi na jembe, shemeji? Shamba lako si lile pale?"

"Lile ni langu," mama alisema. "Nakwenda kulima."

Gari lilikuja limejaa. Walimpokea jembe kwanza, wakalipitisha juu ya vichwa vya watu, kisha wakamvuta yeye.